Kibaraza cha Mvule

Mtaani kwao walimwita Bwana Mita, kwa sababu maisha yake yote ya kazi alikuwa msoma mita za maji. Alipita nyumba kwa nyumba na kalamu sikioni, akainama kwenye vishimo vya mita, akaandika, akaenda zake. Alijua mambo ambayo majirani hawakumwambia: nyumba ipi ina wageni, ipi bomba linavuja, ipi wenyewe wamenuniana na hakuna anayemfulia mwenzake. Alipostaafu alibaki na tabia ya kupima kila kitu kwa jicho. Ukimpitishia ndoo yenye kifuniko, atakwambia imejaa kiasi gani kabla hujaitua.

Mkewe aliitwa Mama Sindano. Alikuwa muuguzi wa zahanati, na karibu kila mtu wa mtaa ule aliwahi kulia mikononi mwake. Walikuwapo wanaume wenye ndevu zao waliohama upande wa barabara wakimwona anakuja, kwa utani tu, naye huwainulia kidole kama aliyeshika sindano. Nyumbani hakuwa msemaji. Jambo likimpendeza alilisema mara moja, likimuudhi alilisema mara moja, basi.

Nyuma ya nyumba yao ulisimama mvule. Uliletwa na baba yake Mama Sindano mwezi ule walipohamia kiwanja hicho, mche wa kimo cha goti ndani ya kopo la rangi. Mzee yule alikuwa mwashi. Alijenga nyumba za watu mpaka mgongo ukapinda, na yake mwenyewe akafa ameiacha bila lipu. Hakuwa na cha kumpa binti yake. Alichimba shimo kwa mikono yake, akaupanda mche, akajipangusa kwenye suruali, kisha akasema, mkwewe akiwa amesimama palepale, "Kiwanja ni cha mumeo. Huu ni wako." Bwana Mita alicheka, na wote wakacheka. Nani angegombania kijiti chenye majani manne?

Kijiti kikawa mti. Ukalipita bati, ukaipita nguzo ya umeme, na kila alasiri kivuli chake kikaangukia mlango wa jikoni. Hapo ndipo Mama Sindano alipopumzikia tangu alipoacha kazi: kwenye kizingiti, ungo wa mchele mapajani, mgongo kwenye fremu ya mlango. Watu wakitaka kupita, ilibidi asogeze magoti.

Mwaka mmoja dada yake mkubwa alipatwa na kiharusi. Alikuwa anaishi peke yake mji mwingine, na Mama Sindano akasema atakwenda kumuuguza mpaka asimame. Jioni ya kufunga mizigo, alipokuwa anakaza kamba ya mfuko pale kizingitini, akasema kama anayejisemea, "Laiti hapa nyuma tungekuwa na kibaraza cha mbao. Nikakaa kwenye kiti kama watu wengine, nisikae mlangoni kama kuku."

Hakulisema tena. Lakini Bwana Mita alilishika. Mke alipoondoka, nyumba ikawa kubwa, chai ikawa haina ladha, na yeye akaona amepata kazi: atamjengea kibaraza, amkute nacho.

Alimwita seremala wa mtaa, mtu mfupi mwenye vumbi la mbao kwenye nyusi hata siku za mapumziko. Watu walimwita Fundi Randa. Fundi alipima nyuma ya nyumba kwa futi yake ya chuma, akachora kwenye kipande cha boksi: nguzo, boriti, sakafu ya mbao, ukingo wa kushikia, paa dogo la bati.

"Ni kazi nzuri," alisema. "Swali ni mbao gani. Hiki ni kitu cha nje, mzee. Juu mvua, chini mchwa, mchana jua. Mbao laini itakuchekea mwaka wa kwanza, mwaka wa pili itakulilia."

"Basi tunataka ngumu."

"Twende ukaione bei yake, ndipo useme tunataka."

Wakaenda kwenye banda la mbao. Lilikuwa refu, lenye paa la mabati lililoshonwa kwa viraka vya jua. Upande mmoja zilirundikwa mbao za msonobari, nyeupe, nyingi, zimetupwa kama kuni. Upande wa pili, nyuma ya mnyororo wenye kufuli, zilikaa mbao nyekundu na za kahawia, chache, zimepangwa kwa vijiti katikati ili hewa ipite. Muuza mbao alikuwa amekaa karibu na kufuli, si karibu na mlango.

Bwana Mita akauliza bei ya mninga. Akaambiwa. Akauliza ya msaji. Akaambiwa. Akauliza ya mvule, akidhani huo, kwa kuwa anao nyumbani, utakuwa mti wa watu wa kawaida. Akaambiwa, na akamgeukia fundi kama anayetaka tafsiri.

"Hiyo ni kwa ubao mmoja?"

"Kwa futi moja ya ubao," muuza mbao alisema kwa upole, kwa sababu alikuwa amezoea nyuso za namna hiyo. "Mzee, usinione mwizi. Miti hii zamani tuliikata hapo nyuma ya mlima, ukiita unaitikiwa. Leo lori linakwenda siku mbili kuitafuta. Kuna kibali, kuna ushuru kila kizuizi, kuna dereva, kuna mashine ya kupasulia. Kisha mbao inakaa hapa mwaka mzima inakauka, na mimi nimekaa nayo, sijala. Msonobari unakua upesi kama mtoto wa jirani. Hii haina haraka na mtu."

"Na kibaraza chote?"

Fundi Randa alikuwa ameshapiga hesabu kwenye boksi lake. Alimwonyesha. Bwana Mita alisoma tarakimu ile kama alivyosoma mita maisha yake yote, kuanzia kushoto, na alipofika mwisho akarudi kushoto kuhakikisha. Kiinua mgongo chake chote, pamoja na kile kilichokwisha kuliwa, kisingetosha.

"Tufanye hivi," fundi alisema walipotoka nje. "Nguzo nne tununue za mbao ngumu, maana hizo ndizo zinazogusa ardhi. Sakafu tuweke msonobari uliopigwa dawa. Upake mafuta kila mwaka kabla ya mvua. Utakaa. Haupendezi kama mvule, lakini Mama atakaa na atakunywa chai yake."

Ulikuwa ushauri mzuri, na baadaye Bwana Mita aliukumbuka neno kwa neno. Lakini siku ile alikuwa na picha kichwani: mkewe anapitisha kiganja kwenye ubao laini wa rangi ya asali na kuuliza, umeutoa wapi? Msonobari haukuwamo katika picha ile. Isitoshe, shemeji yake aliwahi kujenga ukumbi wa msonobari, na mchwa waliula ukabaki na rangi ya nje tu, siku mgeni alipoegemea akaenda nao.

Walirudi nyumbani kupima tena. Fundi akiwa amepiga magoti, Bwana Mita alisimama ameinua uso, anautazama mvule kuanzia shinani hadi tawi la kwanza. Jicho lake lilikuwa linapima.

"Mbao ngapi humu, fundi?"

Fundi Randa aliinuka polepole. "Huu si wa Mama?"

"Mimi na Mama tuna mali mbili?"

"Sijasema hivyo. Umemuuliza?"

"Zawadi humuulizi mtu. Ukimuuliza inakuwa si zawadi tena."

Fundi alijikuna kisogo. Akasema mvule ule bado ni kijana. Mtu wa nje anauona mnene, lakini ndani moyo wake mgumu ni mdogo, na ile sehemu nyeupe inayouzunguka haifai kitu nje ya nyumba. Akasema pia mbao mbichi haijengewi. Ipasuliwe, ipangwe kivulini na vijiti katikati, mawe juu, isubiriwe mwaka, na ikiwezekana zaidi.

"Mke wangu haendi kukaa mwaka."

"Najua. Nakueleza mbao, sikuelezi mke wako."

Ofisini alikokwenda kuomba kibali, karani alimuuliza swali moja tu la maana: mti ni wa nani? Bwana Mita alijibu, "Uko kwangu." Karani akaandika jina lake. Njiani kurudi alijiambia kwamba hakusema uongo.

Wapasuaji wawili walikuja na msumeno wa injini. Mti haukuanguka kwa kishindo alichokitarajia. Uliinama kwanza, ukatulia kana kwamba umebadili nia, kisha ukajilaza kwenye ua wote, matawi yakafunika bomba la maji na kamba ya kuanikia nguo. Mwanga ukaingia nyuma ya nyumba kwa ghafla, na Bwana Mita akaona vitu ambavyo hakuwahi kuviona: ufa kwenye ukuta wa jikoni, utando wa buibui chini ya bati, rangi ilivyokuwa imechujuka.

Jioni, wakati wapasuaji wananawa mikono, simu ililia. Alikuwa mkewe. Walizungumza habari za mgonjwa, kwamba ameanza kushika kijiko. Walizungumza habari za dawa. Kisha Mama Sindano akauliza, kwa sauti ya mtu aliyechoka anayetaka kusikia jambo la nyumbani, "Na mti wangu? Umeanza kupukutisha majani?"

Bwana Mita alitazama gogo lililolala mbele yake, jipya, la manjano, lenye unyevu.

"Upo," alisema.

"Ufagie basi, yasizibe mfereji."

"Nitafagia."

Alipokata simu alijiona mjanja kidogo, kama mtu anayeficha zawadi mgongoni. Hakujiona mwongo. Hilo lilikuja baadaye.

Mti haukuwa wa bure kama alivyofikiri. Alilipia kibali, akalipia petroli ya msumeno, wapasuaji, kunoa mnyororo wa msumeno uliokutana na msumari wa kamba ya nguo uliomezwa na gome zamani. Mbao nyeupe zilitupwa upande, zikawa nyingi kuliko zilizofaa. Fundi Randa alifanya kazi huku anapiga chafya, maana vumbi la mvule huchokoza pua, na kila siku alisema neno lilelile, "Ni mbichi hii, mzee," mpaka akachoka kusema. Lakini kibaraza kilipokamilika kilikuwa kizuri kweli. Majirani walikuja kukitazama. Walipanda, wakashuka, wakapanda tena. Mmoja alisema hata ofisi za wakubwa hazina kitu kama hiki. Bwana Mita alinunua kiti cha kusukwa, akakiweka katikati. Kisiki alikifunika kwa beseni la zamani.

Mama Sindano alirudi akiwa amekonda. Dada yake alikuwa anaweza kukaa na kuzungumza, na binti wa jirani amekubali kumwangalia. Bwana Mita alimpokea kituoni, akabeba mfuko, akatembea mbele kwa haraka isiyo ya umri wake. Walipofika uani hakumpitisha mlango wa mbele. Alimwambia, "Fumba macho."

"Nimechoka, baba watoto."

"Fumba tu kidogo."

Alicheka, mara ya kwanza baada ya muda mrefu, akafumba. Mumewe akamshika mkono, wakazunguka pembe ya nyumba, akimwambia hapa kuna jiwe, hapa inua mguu. Walipofika nyuma, kabla hajamwambia afumbue, mkewe alisimama.

"Mbona jua?" aliuliza, macho bado yamefumbwa.

Mwanamke aligeuza uso upande huu na upande ule, kama kipofu anayetafuta mlango, na kote lilikuwa jua. Ndipo akafumbua. Hakukitazama kibaraza. Alitazama juu, mahali palipokuwa na matawi, kisha akashusha macho taratibu mpaka kwenye beseni.

"Uliniambia upo."

"Nilitaka iwe..."

"Nilikuuliza, ukaniambia upo."

Alichukua mfuko wake kutoka mkononi mwa mumewe, akazunguka nyumba, akaingia kwa mlango wa mbele. Hakulia, hakugomba. Jioni alipika, akapakua, wakala. Siku iliyofuata alichukua ungo wake akaketi barazani mbele, kwenye saruji, ambako kila mpita njia alimsalimu na kumuuliza mbona kahamia huku. Aliwajibu kwamba anaangalia watu.

Kiti cha kusukwa kilibaki kule nyuma peke yake. Bwana Mita alijaribu kukikalia alasiri moja, akaona haya, akainuka.

Kisha kiangazi kikaingia, na mbao zikaanza kukauka zikiwa zimeshapigiliwa. Zilijikunja kingo kama mkate uliosahaulika. Nafasi zikafunguka katikati, unaweza kupitisha kidole, kisha viwili. Nyingine ziling'oa skrubu zake. Ukingo wa kushikia ukapinda mpaka ukawa kama mtu anayechungulia kwa jirani. Ubao uliokuwa karibu na jikoni uliinuka ukabana mlango, na mlango wa nyuma ukawa haufunguki tena. Bwana Mita alimwita Fundi Randa. Fundi alipita juu, akapiga magoti, akatazama. Hakusema nilikwambia. Afadhali angesema.

Jioni ile Bwana Mita alikwenda mbele ya nyumba, akavuta kigoda, akaketi karibu na mkewe.

"Pole, mama," alisema.

Mama Sindano aliendelea kuchambua. "Pole hata mpita njia husema."

Mtu mmoja akapita, akasalimu, wakaitikia pamoja.

"Baba alipoupanda," Mama Sindano alisema, "wewe uliingia ndani kuchukua maji ya kunawa. Akaniambia, usiutunze kama kaburi. Huu ni akiba. Siku ukiwa na haja, ukate, lakini ukate wewe." Alipeperusha ungo, makapi yakaruka. "Ungeniuliza ningekubali, baba watoto. Hicho ndicho kinachoniuma. Nilikuwa nausubiri mwaka hata mwaka nione utakuwa wa nini. Ungenipigia simu ukaniambia, mama, mbao ni ghali, nifanye nini, ningekwambia kata, ila ningoje nije niuone ukianguka. Ningesimama pale. Kilikuwa kitu kimoja tu nilichonacho cha kutoa, nawe umekitoa kabla yangu, ukanipa mimi mwenyewe."

Bwana Mita alikumbuka kazi yake. Miaka yote aliyoingia nyumba za watu, alibisha hodi kwanza. Hata mahali mlango ulipokuwa wazi, alisimama nje akaita. Alijua mita ni ya shirika, lakini kishimo kimo uani mwa mtu.

Kesho yake alianza kukibomoa kibaraza. Fundi Randa alikuja kumsaidia na akakataa malipo, akisema hakujenga ila alibandika. Walitoa skrubu moja moja wasizipasue mbao zaidi. Zilizovunjika wakazitenga. Nzima wakazirundika ubavuni mwa nyumba, upande usiopigwa na jua, vijiti katikati ya kila safu, mawe mazito juu yake, namna ileile waliyoiona bandani nyuma ya mnyororo. Bwana Mita hakumweleza mkewe anafanya nini. Lakini Mama Sindano aliona, na siku moja alimkuta ameweka kipande cha bati juu ya rundo kulikinga na mvua, akasimama kidogo, akapita.

Rundo lilikaa hapo kiangazi hicho na mvua zilizofuata, na kiangazi kingine. Maisha yaliendelea. Walizungumza habari za bei ya mafuta ya taa, za binti yao na mumewe asiyejua kupika, za nani kafa na nani kazaa. Mtu asiyejua angesema ni nyumba tulivu. Ila Mama Sindano aliacha kusema "letu" na "kwetu" alipotaja mambo ya nyumba. Alisema paa lako linavuja. Alisema uani kwako kuna nyasi.

Kisha zikaja habari za dada yake. Alikuwa ameanza kutembea kwa fimbo, lakini nyumba yake ilikuwa na ngazi tatu za saruji mlangoni, na ngazi zile zimemfanya mfungwa. Wanaume wawili ndio humbeba kumtoa nje. Amesema hataki tena kubebwa kama gunia, na sasa hatoki.

Mama Sindano alimaliza kuzungumza kwenye simu, akaenda ubavuni mwa nyumba, akaweka kiganja juu ya rundo.

"Mbao zangu zimekauka?" aliuliza.

Bwana Mita, aliyekuwa nyuma yake, alisikia neno lile moja, zangu. "Nitamwita fundi azitazame. Mimi siwezi kusema."

Fundi alizigonga kwa kifundo cha kidole, akasikiliza, akazipima uzito mkononi. Nyingine zilikuwa zimenyooka kwa uzito wa mawe. Zilikuwa zimeiva rangi, kahawia ya chai ya rangi. Alisema zimekauka, ila hazitoshi kibaraza cha maana. Zinatosha kitu kidogo.

"Zipelekwe kwa dada," Mama Sindano alisema. "Zitumike kadiri zitakavyotosha."

Walikwenda wote watatu na mbao zao juu ya pikapu ya kukodi. Fundi Randa aliondoa ngazi za saruji kwa nyundo. Badala yake akajenga jukwaa dogo mbele ya mlango, pana kwa kiti kimoja na fimbo, na kutoka hapo mteremko mrefu wa kufika chini, wenye ukingo wa kushikia pande zote mbili. Bwana Mita alikuwa kibarua wake. Alishika mbao zinapokatwa, akatoboa matundu, akasugua ukingo kwa msasa mpaka mkono wa mgonjwa usipate hata kibanzi. Pua ilimwasha, alipiga chafya mpaka machozi yakamtoka.

"Shemeji," mgonjwa alimwita kutoka dirishani, maneno yake bado yakiburuta upande mmoja, "mimi nimepata njia. Wewe umepata nini?"

"Nimepata mafua, shemeji."

Mgonjwa alicheka. Mama Sindano, aliyesimama nyuma yake, hakucheka, ila alimletea mumewe kitambaa.

Siku kazi ilipokwisha, mgonjwa alitoka. Hakubebwa. Alishika ukingo kwa mkono mzima, akaweka fimbo, akaburuta mguu, akaweka fimbo. Ilimchukua muda, na hakuna aliyemharakisha. Alipofika chini alisimama kwenye mchanga wa uani kwake na kutazama huku na huku kama mgeni. Mama Sindano alikuwa kando yake, hajamgusa, mikono imekaa tayari kama ya muuguzi. Bwana Mita alikuwa amepiga magoti juu ya jukwaa, anakusanya skrubu zilizobaki. Mkewe alipopanda tena kufuata kanga ya dada yake, walijikuta uso kwa uso, yeye chini, mke juu.

"Nisamehe," alisema. "Ulikuwa wako, nikaufanya wangu. Kisha nikakudanganya."

Mama Sindano alipitisha kiganja kwenye ukingo, kwenda na kurudi, kwa namna ileile mumewe aliyokuwa ameiona kichwani siku ile ya bandani.

"Nimesikia," alisema, akaingia ndani kuchukua kanga.

Hakusema zaidi ya hapo, wala Bwana Mita hakumuuliza kama kusikia ni kusamehe.

Waliporudi nyumbani, alimwomba Fundi Randa amtafutie mche wa mvule. Fundi aliupata mmoja. Bwana Mita aliupanda mbali kidogo na kisiki, akauzungushia matete, akamwagilia asubuhi na jioni. Mkewe alimtazama kupitia dirisha la jikoni.

"Una miaka mingapi wewe?" alimuuliza. "Kivuli cha huo utakikalia lini?"

"Sitakikalia."

"Sasa wa nini?"

"Ni wako."

"Naona siku hizi unavijua vilivyo vyangu," alisema, na haikuwa wazi kama ni utani.

Mche haukushika. Majani yake yalivimba vidutu vya wadudu, yakajikunja, na kiangazi kilipopamba moto shina likakauka kutoka juu kwenda chini. Bwana Mita aliendelea kuumwagilia hata baada ya kujua. Alipomwambia mkewe kwamba umekufa, alijibu kwamba ameshaona.

Jikoni kwao sasa ni moto alasiri nzima. Wamezoea kuhamia mbele jua linapogeuka. Bwana Mita hubeba kigoda chake, kisha hunyoosha mkono kuchukua na kile kiti cha kusukwa, ambacho mkewe hatimaye alikubali kukikalia, upande wa mbele tu. Siku nyingine Mama Sindano humwachia akibebe. Siku nyingine hukichukua mwenyewe.